Mwanafunzi Niliyemwandika Mzito

Studio niliyofanyia kazi ilikuwa ghorofa ya tano, katika jengo lililowahi kuwa ghala la viatu, nyuma ya stesheni ya treni ya Guangzhou. Chini yalikuwapo bado maduka ya jumla ya viatu, na harufu ya gundi ilipanda ngazi pamoja nasi kila asubuhi. Hatukuwa na katuni zetu wenyewe. Wajapani walichora picha kuu za anime zao, tuseme mtu ameketi, kisha mtu yuleyule amesimama, wakatutumia sisi tuchore picha zote zilizopita katikati, yule mtu akijiinua kidogo kidogo mpaka asimame wima. Mtazamaji hazioni picha hizo. Anaona tu kwamba mtu amesimama.

Nilifika pale mara ya kwanza nikiwa mwanafunzi wa mwaka wa tatu. Nilikuwa nimetoka Tanga kwa ufadhili wa masomo, nikisomea uchoraji wa katuni katika chuo ambacho sisi wageni tulifundishwa kwa Kiingereza. Kichina changu kilikuwa cha mdomoni: cha sokoni, cha kwenye basi, cha kubishana na mwenye nyumba. Kusoma nilisoma kwa kubahatisha, herufi moja naijua, tatu sizijui, na mwisho wa sentensi nikakisia. Nilikwenda studio kwa mafunzo ya vitendo ya miezi mitatu, na laoban, kama sote huku tunavyowaita wenye biashara, akaniketisha kando ya mwanamke wa miaka hamsini na kitu aliyekuwa amechora picha za katikati tangu usichana wake. Ofisini wote walimwita shifu, jina la heshima wanalompa fundi aliyebobea. Nami nikamwita hivyo.

Meza yake ilikuwa na kioo kilichowashwa taa kwa chini. Alipanga karatasi tatu juu ya kioo, zote zimeshikwa na vijiti vitatu vya chuma zisiteleze, na mistari ya karatasi za chini ikaonekana kupitia ile ya juu. Hapo ndipo alipochora. Mkono wa kushoto ulikaa kwenye pembe za karatasi, vidole vikizipekua mbele na nyuma, nyuma na mbele, mpaka mchoro ukaanza kutembea machoni pake. Alifanya hivyo bila kuangalia vidole, kama mtu anayechambua mchele huku akizungumza.

Siku yangu ya pili aliniambia nisimame kutoka kwenye kiti.

Nikasimama.

"Uzito ulikuwa wapi?" akauliza.

Sikujua. Akanikalisha, akanisimamisha tena, mara sita au saba, wenzetu wakicheka kwa chini, mpaka nikahisi mwenyewe kwamba kabla makalio hayajaondoka kwenye kiti kichwa kinatangulia mbele na uzito wote unahamia kwenye vidole vya miguu.

"Basi chora hicho," akasema. "Mtu hainuki kama lifti."

Alijua mimi ni Mwislamu na kwamba chakula cha kantini kilikuwa na nguruwe karibu kila siku. Wiki ya pili akaanza kuniletea mayai ya kuchemsha, mahindi na viazi vitamu, vimefungwa kwenye taulo vikae na moto. Siku ya kwanza aliniwekea mezani akasema, "Sufuria ni mpya. Haijapikiwa kitu kingine." Akarudi kwenye kazi yake. Aliniita mdogo wangu, kwa Kikantoni chao cha Guangzhou, na kila nilichokijua kuhusu mwili wa mtu unaokwenda, nilikijua kutoka kwake. Nayataja haya yote ili ieleweke nilimfanyia nani nilichokifanya.

Nilipohitimu nilitaka kubaki. Nyumbani kazi ya namna ile sikuiona, na nilikuwa nimeshazoea kujiita mchoraji. Lakini ili nibaki, kampuni ilibidi iniombee kibali cha kazi. Nikamwendea laoban. Alikuwa mtu wa maneno machache, mwenye tabia ya kufutafuta miwani wakati anafikiri.

"Kumwajiri mgeni ni makaratasi mengi," alisema. "Wachoraji ninao. Nipe sababu."

Sababu nilikuwa nayo. Wateja wa Japani walikuwa wakikataa karatasi. Walitaka kila kitu kichorwe moja kwa moja kwenye kompyuta, kwa kalamu ya umeme juu ya kioo, na wachoraji wake kumi na mmoja wa zamani hawakuwa wamegusa kitu hicho hata siku moja. Mimi programu ya kuchorea hivyo nilikuwa nimeitumia chuoni miaka minne. Nikamwambia nitawafundisha kwa wiki sita.

Alifuta miwani, akaivaa. "Sawa. Wiki sita. Halafu utaniandikia nani anaweza na nani hawezi. Kompyuta ninazonunua ni nane."

Niliisikia hesabu hiyo vizuri sana. Watu kumi na mmoja, kompyuta nane. Nilishukuru, nikatoka.

Tulianza mwezi wa nne, wakati Guangzhou kuta zinapotoka jasho, sakafu inateleza na karatasi zinavimba kwa unyevu. Siku ya kwanza shifu alikuja na daftari jipya na kalamu mbili, akaketi mstari wa mbele. Nilipoingia alisimama.

"Laoshi," akasema. Yaani mwalimu.

Nilimwambia asiniite hivyo. Akajibu kwamba darasani ni darasani. Tangu siku hiyo hakuniita tena mdogo wangu, na nakiri kwamba ilinipendeza. Nilikuwa na miaka ishirini na minne na mwanamke aliyenifundisha kazi alikuwa akiinuka kwa heshima nilipoingia.

Programu ile unaweza kuiweka kwa lugha yoyote kati ya nyingi. Unafungua menyu, unabofya mara nne, unaizima na kuiwasha, inarudi kwa Kichina. Mimi nilikuwa nimeizoea kwa Kiingereza. Kabla ya kozi nilijaribu kuigeuza kwenye kompyuta yangu, nyumbani kwangu Xiaobei, nikaona skrini nzima imejaa herufi nisizozijua. Vitu nilivyovijua kama viganja vyangu vikapotea. Nilijiona nimesimama mbele ya watu kumi na mmoja nikitafuta kifutio na nisikipate. Nilimwona laoban mlangoni akifuta miwani. Nikairudisha kwa Kiingereza, nikaenda ofisini nikaweka na zile zilizokodiwa kwa ajili ya kozi, zote kwa Kiingereza.

Siku ya tatu shifu aliinua mkono.

"Laoshi, haya maandishi hayawezi kuwa ya Kichina?"

Darasa zima likanitazama. Swali lilikuwa la kawaida kabisa, na jibu lake lilikuwa ndiyo.

"Ni afadhali mzoee Kiingereza," nikasema. "Wateja wote wanatumia hii."

Wateja wetu walikuwa Wajapani. Walitumia Kijapani. Nadhani hata wao darasani wangeweza kulifikiria hilo, lakini nilikuwa laoshi, na laoshi akisema jambo huandikwa. Shifu aliinamisha kichwa akaandika.

Vijana wachache mle ndani walikuwa na Kiingereza cha shule, wakajisukuma. Wengine walipiga picha skrini kwa simu ili simu iwatafsirie. Shifu naye alifanya hivyo, lakini tafsiri zilikuja za ajabu. Kuna kitufe ambacho kwa Kiingereza kinaitwa ganda la kitunguu; ukikibonyeza, unaona picha iliyotangulia na inayofuata zimefifia nyuma ya ile unayoichora. Simu ikamwambia ganda la kitunguu. Akanigeukia akitabasamu.

"Kitunguu kinatafuta nini huku?"

"Ni jina tu," nikamjibu, na nikapita kwenda kwa mwingine. Kile kitufe kilikuwa ni meza yake ya taa. Ni kitu kilekile alichokifanya maisha yake yote, karatasi ya chini kuonekana kupitia ya juu. Ningemwambia hivyo kwa maneno matatu angekielewa palepale. Sikufikiria kumwambia. Nilikuwa na haraka ya kumaliza somo nililoliandaa, nisije nikaulizwa la pembeni.

Kwa kuwa hakuweza kusoma, aliamua kukariri mahali. Alichora kila alama ya skrini kwenye daftari lake, ndogo ndogo, safi mno, na mshale wa kuonyesha iko juu kulia au chini kushoto, ya ngapi kutoka pembeni. Lile daftari lilikuwa kazi nzuri kuliko kozi yenyewe. Wiki ya tano alikuwa anachora. Polepole, lakini anachora, akitazama daftari, skrini, daftari, skrini.

Siku ya mtihani tulikuta fundi wa kompyuta ameweka toleo jipya la programu kwenye mashine zote, kwa agizo la laoban. Vidirisha vilikuwa vimehama. Vilivyokuwa kulia vilikuwa kushoto, na vingine vilikuwa vimefichwa. Aliyeweza kusoma alihangaika dakika tano akavipata. Mimi mwenyewe nilivipata kwa kuwa nilisoma. Shifu alifungua daftari lake, akatazama skrini, akatazama daftari tena. Akainua macho kunitafuta.

Ningeweza kusimamisha mtihani. Ningeweza kwenda nyuma yake nikamwonyesha kwa kidole. Laoban alikuwa amekaa pembeni na kikombe cha chai, na mimi nikayashusha macho yangu kwenye karatasi ya mahudhurio.

Picha zilikuwa tano, za msichana anayegeuka nyuma kama aliyeitwa. Muda ulipokwisha shifu alikuwa na mbili. Zile mbili hazikuwa na kosa. Nywele zilichelewa kidogo nyuma ya kichwa, kama nywele zinavyochelewa kweli, na bega lilikuwa limeanza kugeuka kabla ya shingo. Katika wale wote kumi na mmoja hakuna aliyechora kama yeye. Lakini fomu aliyonipa laoban haikuwa na nafasi ya bega wala nywele. Ilikuwa na nafasi ya mstari mmoja kwa kila mtu. Kwake niliandika kwa Kiingereza: mzito wa kujifunza, hafai kwa mfumo mpya. Mistari miwili mingine iliyofanana na huo niliiandika kwa mwanamume mmoja na mwanamke mmoja, wote wa umri wake. Binti wa ofisini akatafsiri, laoban akapiga muhuri.

Wale watatu waliondoka mwisho wa mwezi. Shifu alifungasha penseli zake na mto wake wa kiti, akaja mezani kwangu.

"Umenifundisha kwa subira, laoshi," alisema. "Kosa ni la kichwa changu."

Nikamwambia asiseme hivyo. Ndilo neno pekee nililomwambia.

Kibali changu kikatoka. Nikapewa meza karibu na dirisha. Kwa miezi iliyofuata sikuwa mtu wa kulia wala kukosa usingizi, na nisijifanye kwamba nilikuwa hivyo. Nilikula vizuri. Ila nilipokuwa nikisali, nikifika pale pa kuomba msamaha, ulimi ulikuwa mzito. Nimelelewa nikijua kwamba yaliyo kati yako na Mungu unamwomba Mungu, lakini haki ya mtu iko mikononi mwa mtu mwenyewe, na usipomwendea utaikuta mbele. Nililijua hilo tangu madrasa. Nikawa nafupisha dua.

Jumamosi nilikuwa nikitafsiria wafanyabiashara kutoka pande za kwetu, watu wa Dar, wa Mombasa, mara nyingi Wakongo. Miezi minane baada ya mtihani nilikuwa na mama mmoja wa Lubumbashi aliyekuja mara mbili kwa mwaka kununua nguo za watoto. Tulikuwa Guangyuan, kwenye jumba mojawapo la nguo za jumla, tunapita kati ya vibanda huku wabeba mizigo wakitupigia kelele tuwapishe na marobota yao. Kwenye kona mama yule akasimama.

"Angalia ile," akasema kwa Kiswahili cha kwao Kongo, ambacho ndiyo yetu ni njo. "Ile njo ya muzuri."

Alikuwa akitazama kibanda cha fulana za watoto. Juu ya rundo palikuwa na kipande cha boksi kilichochorwa kwa kalamu nene nyeusi: mtoto anakimbia, kaegemea mbele karibu aanguke. Mchoro wa mistari saba au minane. Niliujua mkono huo kabla sijaona mtu. Halafu nikamwona, nyuma ya rundo, amevaa aproni yenye mifuko, anakunja fulana.

Nikarudi nyuma ya robota.

"Juu ya nini unasimama kule?" mama wa Lubumbashi akauliza, yaani kwa nini nimejificha. "Ule mama unamujua?"

"Namjua."

"Alors, ni muzuri. Atatupunguzia."

Akaenda moja kwa moja hadi kibandani, na kwa kuwa hakuwa na Kichina hata cha kuomba maji, ilinibidi nimfuate. Shifu aliinua kichwa. Sura yake haikubadilika sana.

"Laoshi," alisema. "Umekula?"

"Nimekula, shifu."

"Umekonda."

Kisha tukafanya biashara. Nilisimama kati ya wale wanawake wawili nikipitisha bei na saizi kutoka Kiswahili kwenda Kichina na kurudi, robo saa nzima, na mimi mwenyewe nisiseme langu hata moja. Mama alinunua marobota mawili. Shifu aliandika saizi kwenye magunia kwa ile ile kalamu nene. Tulipokuwa tukiondoka mama akaniambia kwa sauti ya chini, "Ule mama ni mutu mwema. Wewe njo uko na kitu."

Jumatano niliomba ruhusa kazini nikarudi peke yangu. Ilikuwa saa nane mchana, wakati ambao jumba lile hupungua watu na wauzaji husinzia juu ya mizigo. Shifu hakuwa amesinzia. Alikuwa anakunja.

"Nimekuja kukuambia jambo," nikasema.

"Sema. Mikono ndiyo ina kazi, masikio hayana."

Nilikuwa nimejiandalia maneno njiani, ya kujieleza, kuhusu kibali, kuhusu kompyuta nane. Yote yakanitoka. Nikasema tu, "Yale maandishi yangeweza kuwa ya Kichina. Ni kubofya mara nne. Nilijua tangu siku ya kwanza."

Akamaliza fulana aliyokuwa nayo, akaiweka juu ya nyingine, akailainisha.

"Kwa nini?"

"Kwa sababu siwezi kuyasoma. Ningeaibika mbele yenu."

Hakuinua sauti. Alikaa kwenye kigoda, jambo ambalo sikuwahi kumwona akilifanya wakati wa kazi.

"Nilidhani ni ubongo wangu," alisema. "Nilimwambia mume wangu ubongo wangu umechoka. Nilikwenda hospitali nipimwe kumbukumbu, wakaniuliza leo ni siku gani, wakaniambia nihesabu kurudi nyuma, wakasema niko sawa. Sikuwaamini. Nilisema hawa hawakuniona siku ile kwenye mtihani." Akavuta fulana nyingine, asiikunje. "Nilikuwa nacheza karata na majirani kila Jumapili. Nimeacha. Naogopa nitasahau karata watu wakanicheka."

Nikasema naomba unisamehe. Kwa Kichina neno hilo lilitoka jepesi mno, kama la mtu aliyekukanyaga kwenye treni.

"Sasa nenda," akasema. "Wateja wanakuja."

Hapakuwa na mteja hata mmoja. Nikaenda.

Wiki mbili zikapita. Nilijiambia nimeshamwendea mwenye haki yake, nimeshasema, yaliyobaki ni yake. Lakini moyo haukukubali hesabu hiyo, kwa sababu nilikuwa nimeongeza kitu: zamani aliamini amezeeka, sasa alijua amedhulumiwa. Siku moja asubuhi simu ikaleta ujumbe wa sauti. Alikuwa yeye, na nyuma yake nikasikia mabasi.

"Jumapili una nafasi? Nataka kuona hayo maandishi yakiwa ya Kichina."

Alikuja chumbani kwangu Xiaobei, ghorofa ya sita bila lifti, juu ya maduka ya simu na mgahawa wa Waethiopia. Nilikuwa nimefagia tangu alfajiri. Hakukitazama chumba. Alivua viatu, akaketi mbele ya kompyuta yangu, na mimi nikabofya mara nne huku akihesabu kwa sauti. Programu ikazimika, ikawaka. Aliisogelea skrini akaanza kusoma, menyu baada ya menyu, kuanzia juu, kama mtu anayesoma majina ya watu kwenye orodha akitafuta la kwake. Mara akacheka kidogo. Mara akasema, "Kumbe." Alipofika kwenye ganda la kitunguu nikamwambia, "Hiki ndicho meza yako ya taa."

Akakibonyeza. Mistari iliyofifia ikatokea nyuma ya mchoro uliokuwa wazi. Alitoa mkono wa kushoto akaupeleka kwenye pembe ya kioo, mahali ambapo pembe za karatasi zingekuwa, akaurudisha pajani.

"Hiki tu?" aliuliza.

"Hiki tu."

Tulikuwa na Jumapili nne. Ile ya kwanza, kabla ya saa sita mchana, alikuwa ameshapita pale tulipofika wiki ya tatu ya kozi. Ya pili alinifundisha mimi kusoma menyu, kwa kuwa nilikuwa nikipotea kila aliponiuliza kitu, na niliziandika herufi kwenye daftari kama mtoto, yeye akinisahihisha mpangilio wa mistari. Ya nne nilimpa zile picha tano za msichana anayegeuka. Alizimaliza kwa chini ya saa moja, akaweka kalamu mezani. Nilikuwa nimesimama nyuma yake. Sijawahi kuona adhabu iliyonyooka kama ile. Kama angeshindwa tena ningepata pa kujificha, ningesema labda hata kwa Kichina asingeweza. Hakuniachia nafasi hiyo.

"Uliandika nini juu yangu kwenye ile fomu?" akauliza bila kugeuka.

Nikamwambia. Akataka neno kwa neno. Nikamwambia neno kwa neno.

"Mzito," akarudia. "Andika nyingine."

Niliandika barua nyingine, safari hii kwa Kichina, yeye akinitajia herufi nisizozijua, na kila sifa niliyoiandika alinisimamisha akauliza, "Hii ni kweli?" Ilipokuwa si kweli kabisa aliniambia nifute. Mwisho ikabaki barua fupi. Alichukua nakala moja akaikunja akaitia mkobani. Ya pili nilimpelekea laoban.

Aliisoma akiwa amesimama. "Mbona mwanzo uliandika tofauti?"

Hapo ndipo mlango ulipokuwa wazi. Ningesema: kwa sababu niliwafundisha kwa lugha wasiyoijua ili kuficha ujinga wangu, na si huyu tu, wale wengine wawili pia. Kibali changu kilikuwa kinakaribia kuhuishwa, na sahihi ilikuwa ya yule mtu aliyesimama mbele yangu.

"Amejifunza zaidi," nikasema.

Alifuta miwani. "Vizuri kwake. Nafasi zimejaa." Akaiweka barua kwenye droo. Kisha, nikiwa mlangoni, akaongeza kwamba kozi ijayo nitumie Kichina, maana vijana wamelalamika.

Nilimweleza shifu yote, pamoja na jibu langu. Alisikiliza akasema, "Basi hata sasa unaogopa." Hakulisema kwa ukali. Alikuwa anataja jambo analoliona. Muda mfupi baadaye alipeleka ile nakala yake na picha tano kwenye studio ndogo ng'ambo ya mto, wakamjaribu, wakampa kazi ya kufanyia nyumbani. Asubuhi bado yuko sokoni, mchana anachora. Kucheza karata amerudia. Sijawahi kumuuliza kama amenisamehe, naye hajasema. Tukikutana haniiti laoshi wala mdogo wangu. Ananiita kwa jina langu, kwa matamshi yake, na mimi naitika.

Mimi bado niko ghorofa ya tano. Sasa studio imeleta programu inayochora yenyewe picha za katikati, na kazi ya watu ni kuzirekebisha pale mashine inapomtoa mtu bega au kumwinua kama lifti. Laoban ameniambia nifundishe tena. Siku ya kwanza ya kozi niliwaambia wanafunzi wote kwamba maneno mengi ya kwenye skrini ile siwezi kuyasoma na kwamba watanisomea wao. Wengine walicheka. Wakanisomea. Hakuna kilichonipata.

Wale wawili wengine nimewatafuta. Mwanamume, nimeambiwa, alirudi kwao Hunan, na namba niliyopewa haipatikani. Mwanamke alipokea simu mara moja; nilipojitambulisha alisema kwa adabu kwamba yuko kazini, na tangu hapo hapokei. Sijui anafanya kazi gani. Sijui kama naye alikwenda kupimwa kumbukumbu. Barua yake nimeshaiandika kwa mkono wangu, kwa Kichina, na iko kwenye bahasha ndani ya mkoba wangu, lakini sina anwani ya kuandika juu yake.